Aliyenisamehe Alikuwa Spika

Mlionisoma wiki iliyopita mnakumbuka nilikoishia. Nilikuwa kwenye kona yetu hapa Osaka, asubuhi ya tarehe kumi na saba Septemba, nimepiga magoti mbele ya Jizo wa jiwe, na Jizo amenijibu.

Aliyekosa wiki zile nitamwambia kwa ufupi. Mimi ni Itsuyo, mjane wa miaka sabini na tisa. Shule niliishia darasa la sita, mama alipougua nikabaki nyumbani kulea wadogo zangu. Mume wangu Yasuharu alikuwa fundi baiskeli. Alifariki miaka mitatu iliyopita. Tangu hapo, kila mwezi tarehe aliyofariki, naenda kwa Jizo wa kona, mlinzi wetu wa watoto na wapita njia. Nampa ua na kijiti cha ubani, kisha namwambia kosa langu kwa sauti. Kosa hilo sijapata kumwambia binadamu.

Siku ile sauti ndogo kama ya mtoto ikatoka kwenye kibanda chake: "Mama, una nini?"

Nikasema yote. Sauti ikanyamaza kidogo, kisha ikasema: "Nimekusamehe. Nenda nyumbani ukale."

Mtauliza, mwanamke mzima anajibiwa na jiwe asishtuke? Jibu lile nililingoja miaka mitatu. Lilipokuja niliona limechelewa tu.

Nikaenda nyumbani. Nikala.

Nilikula kwa siku ishirini na tatu, jamani. Bakuli mbili za wali kila mlo. Asubuhi nikiweka wali wa kwanza kwenye madhabahu ya nyumbani, niliweza kuitazama picha ya Yasuharu usoni. Nililala kama mtoto mchanga.

Siku ya ishirini na tatu Tamae akaniita.

Tamae anauza achari hapo hapo kwenye kona, hatua sita kutoka kwa Jizo. Ana miaka sabini na mdomo wa watu watatu. Lakini siku hiyo aliniita kwa mkono, bila neno.

"Dada Itsuyo, kaa. Siyo hapo, hapo pana pipa la figili, utanuka mpaka Jumapili. Kaa hapa."

"Kuna nini?"

"Kunywa chai kwanza."

"Tamae, nani amekufa?"

"Hajafa mtu. Ingekuwa amekufa mtu ningejua la kusema."

Akatoa simu yake, akaifuta kwa aproni, akaniwekea mbele.

Muziki wa kuchekesha. Maandishi ya rangi yakirukaruka: TUMEMFANYA JIZO AONGEE! Kisha nikaiona kona yetu, imepigwa picha kutoka upande wa mashine ya kuuza soda.

Binti wa shule akasalimiwa na Jizo, akapiga kelele, akatimua mbio na kiatu kimoja. Mwanamume mwenye tai akaulizwa, "Mbona umechelewa kazini?" akainama akaomba radhi mara nne. Hata mimi nikatabasamu.

Kisha akaja bibi mmoja mwenye mgongo wa kupinda na ua la manjano.

Uso wake wameuziba kwa ukungu. Sauti wameibadilisha, ikawa kama ya bata. Nikamwonea huruma yule bibi. Nikasema moyoni, maskini, naye ana lake.

Halafu bata akasema: "Mume wangu aliniomba nimwite mtoto wetu."

Chai ikanimwagikia mapajani. Wala sikuusikia moto.

"Aliniomba nimwite Fu—" na hapo wakapiga honi, ile ya mpira ya kuchekesha watoto, ili jina lisisikike. "Nikamwambia nimempigia, yuko njiani. Sikumpigia. Alikaa siku—" honi tena, "akitazama mlango."

Chini ya picha pakaandikwa kwa herufi nyekundu: LO, MAMBO YAMEGEUKA!

"Nilitaka niwe naye peke yangu," bata akaendelea. "Miaka hamsini na nne alikuwa wa baiskeli za watu. Alipougua akawa wangu. Nikamnyima mtoto baba yake."

Na ile sauti nyororo: "Nimekusamehe. Nenda nyumbani ukale."

Bibi akainama mpaka chini, akajifuta macho, akaondoka. Kijana mwenye kofia akatokea nyuma ya kibanda, akachomoa kispika cha kijivu kama jiwe, akaitazama kamera. Hakucheka. Hilo nililiona. Lakini video ikamalizika kwa muziki ule ule.

Watazamaji milioni moja na laki mbili.

"Uso hauonekani, dada," Tamae akasema haraka. "Na sauti siyo yako. Angekuwa mtu mwingine nisingejua."

"Umenijuaje?"

Akaweka kidole kwenye kioo cha simu, juu ya kifua cha Jizo.

Kitambaa.

Kila Agosti, kabla ya sikukuu ya Jizo, wanawake wa mtaa tunashika zamu kumshonea kitambaa kipya cha kifuani, kama cha mtoto anayetoka udenda. Wenzangu wananunua kitambaa chekundu kitupu, wanashona, basi. Mwaka huu zamu ilikuwa yangu. Mimi nikalifumua kimono la kiangazi la binti yangu Fumie, alilovaa akiwa na miaka sita. Jeupe, lenye samaki wekundu. Kwenye mkia wa samaki mmoja pana tundu la moto, fataki ilimrukia Fumie usiku wa sikukuu akalia mpaka akasinzia mgongoni mwa baba yake.

Lile tundu ningeweza kulikwepa kwa mkasi. Sikulikwepa. Niliona si vizuri kumficha Jizo tundu.

Sasa lilikuwa katikati ya video, wazi kabisa. Uso wangu waliuziba, kifua cha Jizo nani angekiziba?

"Fumie ameiona?" nikauliza.

"Nitajuaje, dada?"

Niwaeleze hapa, maana ndipo roho yangu ilipokwama. Fumie aliachana na mumewe miaka mingi iliyopita. Yasuharu akamfungia mlango, akasema asikanyage. Miaka kumi na moja hawakusemezana. Mzee alipougua moyo wake ukalainika, akasema, "Mwite Fumie." Mengine mmeyasikia kwa bata.

Fumie nilimwambia baba yake alifariki ghafla. Usiku mmoja tu, kama taa iliyozimwa. Akaamini. Anaishi Nagoya, anatengeneza meno ya bandia kwenye kiwanda, na kila Jumapili baada ya chakula cha mchana ananipigia simu. Dakika kumi, kumi na tano. Hiyo ndiyo sauti pekee inayoniita mama. Akijua, Jumapili yangu imekwisha.

"Tamae," nikasema, "kumbe sasa unalijua kosa langu."

Akageuka, akaanza kupanga matango ambayo yalikuwa yamepangika.

"Nalijua tangu mwaka wa kwanza."

"Nini?"

"Dada, unasali kwa sauti. Mimi niko hatua sita. Muuza tofu analijua. Mzee fundi saa analijua. Unafikiri kwa nini kila tarehe kumi na saba redio yangu inalia kama harusi?"

Miaka mitatu nimekuwa nikinung'unika rohoni kuwa Tamae hana adabu, anapiga redio wakati wa sala.

"Tulikuwa tunakupa nafasi," akasema bila kugeuka. "Mtu akilia barabarani unafanyaje? Unatazama matango yako."

Nikarudi nyumbani. Jioni nikapika wali bakuli moja. Nikala nusu.

Mliwahi kusamehewa, kisha msamaha ukachukuliwa? Mimi hata sikujua nirudishe wapi. Nilikaa mbele ya madhabahu na tasbihi mkononi, na kila nilipoanza sala nilisikia honi.

Asubuhi nikaenda kituo kidogo cha polisi. Askari alikuwa mpole, akanivutia kiti.

"Bibi, nimeiona hiyo video. Mke wangu alilia."

"Hao vijana wamefanya kosa?"

Akajikuna shingo. "Barabara ni ya umma. Uso wameuficha, jina wameliziba. Kuweka spika kwenye kibanda cha Jizo, hapo naweza kuwakaripia."

"Uwakaripie kwa ajili ya Jizo?"

"Ndiyo, bibi."

"Na kwa ajili yangu?"

Akatazama kalenda ukutani. Akanisindikiza mpaka mlangoni kwa heshima zote.

Tamae hakungoja polisi. Aliandika chini ya video ile, kwa herufi kubwa: MIMI NI MUUZA ACHARI WA HAPO KONA. NJOO UNITAZAME USONI KAMA WEWE MWANAUME.

Siku ya tatu, adhuhuri, mlango wangu ukagongwa; Tamae alikuwa amemwelekeza mgeni. Kijana wa miaka thelathini hivi, suti nyeusi, nywele zimelowa maji ya kuchania. Mikono miwili imeshika boksi la keki za maharage matamu, zile za kuombea radhi, limefungwa karatasi nyeupe.

"Naitwa Ryōsei. Mimi ndiye niliyekuwa nyuma ya kibanda."

Sauti yake ya kawaida ilikuwa nzito. Nilitafuta ile nyororo ndani yake nisiione.

Mgeni aliyebeba boksi la radhi humwachi mlangoni. Nikamkaribisha. Akapiga magoti, akainama mpaka paji la uso likagusa mkeka.

Akainama vizuri sana. Ila mkono wake wa kushoto aliushikilia kifuani, kwenye mfuko wa koti.

Nikamimina chai. Nikamtazama. Kwenye mfuko palikuwa na kalamu nene. Nikisogea kulia, kifua chake kinageuka kulia. Nikienda kwenye birika, kifua kinafuata.

"Bibi, tumekukosea sana," akasema. "Nimekuja kuomba radhi kwa moyo wangu wote."

"Kalamu yako inaandika?"

"Samahani?"

"Hiyo. Inaandika, au inanitazama tu?"

Masikio yakamgeuka mekundu kama samaki wa kimono. Nikanyoosha mkono, nikaichomoa ile kalamu, nikaitumbukiza kwenye kikombe chake cha chai.

"Bibi!"

"Kunywa, itapoa."

Tukakaa. Viputo vikawa vinapanda kutoka kwenye kalamu.

"Wenzangu walinituma," akasema mwishowe. "Walisema tupate sehemu ya pili, iitwe 'Tumepatana na Bibi'. Watu wangefurahi."

"Watu gani?"

"Watu waliokupenda! Bibi, hujasoma maoni. Maelfu wameandika kuwa wamelia."

"Wakalia, wakafanya nini?"

"Waka..." Akasita. "Wakafungua nyingine."

"Haya."

"Lakini bibi, na mimi niseme ukweli. Ulikuwa barabarani. Ulisema kwa sauti. Mtu yeyote angekusikia."

"Walinisikia. Mtaa mzima, miaka mitatu. Muulize Tamae na redio yake. Walisikia, wakatazama matango. Wewe ulisikia ukamwita nani? Watu milioni."

Akainamisha kichwa. Sikutaka kumwacha hapo.

"Yule binti wa shule alikimbia, akacheka, akaenda zake. Hilo la vijana. Mimi nilikwambia kosa langu, ukanijibu. Ukasema umenisamehe. Umenisamehe kwa niaba ya nani?"

Nje baiskeli ikapita, breki zinalia, na mimi kwa mazoea nikageuka kumtazama Yasuharu. Picha yake iko kwenye madhabahu, nimeielekeza mlangoni.

"Haikuwa kwenye mpango," Ryōsei akasema. Sauti imepungua. "Tulipanga Jizo aombe pizza. Kila mtu tulimwekea utani wake, wako ulikuwa pizza. Ulipoanza kusema, mwenzangu akanionyesha ubao: PIZZA. Akanionyesha mara tatu. Nikashindwa. Ulikuwa umekaa pale unangoja. Neno likanitoka tu."

"Likakutoka."

"Nilidhani nakufanyia wema."

"Na honi je? Nayo ilikutoka?"

Akaitazama kalamu ndani ya chai.

Akatoa simu, akabonyeza mara mbili, akanionyesha. Video haikuwepo tena, palikuwa na kioo cheusi.

"Nimeiondoa. Wenzangu watanifukuza, sawa. Lakini bibi, nisikudanganye. Wengine walishainakili. Kuzikusanya nakala zote siwezi."

Akaomba awashe kijiti cha ubani kwa marehemu. Nikamwambia siku nyingine, siku asiyokuja na kalamu. Akainama tena, safari hii mikono miwili kwenye mkeka. Akaondoka na kalamu inadondosha chai mpaka mlangoni.

Boksi la keki nikaliweka mbele ya Yasuharu bila kulifungua. Sikumtazama.

Ndipo simu ikalia.

Ilikuwa Jumatano. Fumie hapigi Jumatano.

"Mama? Uko wapi?"

"Niko nyumbani, mwanangu, niwe wapi? Mbona leo? Unaumwa?"

"Siumwi. Nimepata mapumziko kidogo." Nikasikia mashine za kiwandani nyuma yake. "Mama, huku kazini kuna video wanaangalia wote. Ya bibi mmoja anaongea na Jizo. Hujaiona?"

Nikahamishia simu sikio la pili.

"Mimi na video wapi na wapi."

"Eti alimnyima binti yake kumwona baba akifa. Mwenzangu hapa analia tangu asubuhi, mpaka jino la mteja kalipaka rangi ya kijani." Akacheka kidogo. Mimi nikacheka kidogo. Kisha hatukucheka.

"Maskini," nikasema.

"Nani maskini? Bibi au binti?"

Nikatazama boksi la keki.

"Mama?"

"Nipo."

"Mimi nawaza yule binti. Ningekuwa yeye, ningetaka mama yangu aniambie mwenyewe. Kwa mdomo wake. Kuliko kuambiwa na simu ya mtu."

Mlango ulikuwa wazi pale, wasomaji wangu. Binti alikuwa ameufungua na ameushikilia. Leo nauona. Siku ile niliona kitu kimoja tu: hajanitambua, Jumapili yangu ipo salama.

"Huku kumeanza baridi," nikasema. "Umekula?"

Mashine zikaendelea kusaga meno.

"Nimekula, mama."

"Nimepika figili. Ungekuwa karibu ningekuwekea."

"Haya, mama," akasema. Na akakata, hakungoja niseme kwaheri.

Nikamkimbilia Tamae na aproni yangu ya jikoni.

"Hajajua!" nikamwambia. "Ameiona na hajajua!"

Tamae hakufurahi nilivyotaka.

"Kimono hilo alilikumbuka?"

"Alikuwa na miaka sita, Tamae."

"Mimi nina miaka sabini na nakumbuka viatu nilivyonyang'anywa na dada yangu." Akapiga figili ubaoni, kata, kata. "Sikiliza, dada. Mambo ni mawili. Mpigie sasa hivi umwambie. Au ukavue kile kitambaa ukichome, umshonee Jizo chekundu. Bila kitambaa wewe ni bibi yeyote."

"Nikimwambia hatapiga simu tena."

"Huenda."

"Nitabaki na nani?"

Akaacha kisu. Akanifungia figili kwenye karatasi bila kunidai kitu.

Nilifikiri mpaka nikasinzia nimekaa. Nikachagua kitambaa. Nawaambia ninyi kama nilivyokuwa nikimwambia Jizo: niliichagua Jumapili yangu mara ya pili, kama nilivyozichagua siku zile za mwisho za Yasuharu hospitalini.

Alhamisi kulipopambazuka vizuri, nikatia mkasi mdogo mkobani. Njiani niliwaza uongo wa kuwaambia wanawake wa mtaa. Panya. Nitasema kimeliwa na panya.

Kabla sijafika kona nikasikia redio.

Redio ya Tamae, juu kabisa, inapiga ngoma za kiangazi katikati ya Oktoba. Nikasimama. Leo si tarehe kumi na saba.

Nikaenda kwa Jizo. Kifua kiko wazi, jiwe tupu, na alama mbili nyembamba shingoni pale kamba ilipokaa. Kitambaa hakipo. Mbele yake kijiti cha ubani kilikuwa kinawaka, hakijafika nusu.

"Tamae! Nani amekuja hapa?"

Alikuwa amenipa mgongo, anapanga matango.

"Sijaona mtu."

"Tamae, nani amechukua kitambaa?"

"Sijaona mtu, dada. Wala sijasikia mtu akilia." Akaongeza redio. "Rudi nyumbani."

Nikarudi. Mlango wangu ulikuwa umefungwa bila kufuli, kama ninavyouacha siku zote. Nikaufungua.

Mahali tunapovulia viatu palikuwa na jozi moja ya viatu vya kike, vya kazini, vumbi jeupe la meno kwenye ncha. Vimegeuzwa vizuri, ncha zikitazama nje, kama vya mgeni. Fumie hajawahi kugeuza viatu nyumbani kwetu. Anavivua anavitupa, baba yake alikuwa akimgombeza.

Nikaingia.

Alikuwa amepiga magoti mbele ya madhabahu, mgongo kwangu. Kitambaa cha samaki wekundu kimekunjwa mbele ya picha, karibu na boksi la keki. Kidole chake kimoja kilikuwa ndani ya lile tundu la fataki, kinazunguka taratibu.

"Nilikupigia jana," akasema. Hakugeuka. "Nilikungoja, mama. Ukaniambia kuna baridi."

Nikapiga magoti pale pale nilipokuwa, mkoba mkononi, mkasi ndani ya mkoba.

"Nimeitazama mara nyingi. Treni nzima kutoka Nagoya nimeitazama. Kila kitu nimesikia. Ila pale kwenye siku wamepiga honi."

Kidole kikasimama. Akageuka, akanitazama usoni. Nyuma yake Yasuharu alikuwa akitazama mlango.

"Zilikuwa siku ngapi, mama?"